Sanda Iliyobaki Upande Huu

Nilikulia katika nyumba iliyohifadhi sanda ya mtu mwengine, na kwa miaka mingi sikuona ajabu yoyote. Ilikaa ndani ya mkoba wa kitambaa cha kijani, rafu ya chini ya kabati la mama, pamoja na kichupa cha kafuri, vipande vya udi, na majani ya mkunazi yaliyokaushwa na kusagwa, kwa kuwa huku Omani, kama kule Unguja, maiti huoshwa kwa majani ya mti huo. Ile ilikuwa sanda ya shoga yake. Sanda ya mama mwenyewe ilikuwa nyumbani kwa shoga yake, ndani ya mkoba kama ule.

Walizinunua pamoja katika safari ya hija, wakazichovya katika maji ya Zamzam, wakazianika kwenye kamba waliyoifunga chumbani mwao, wakarudi nazo zimekunjwa chini ya nguo. Walipofika, mama hakupata usingizi. Kila akifumba macho aliliona lile kabati. Baada ya siku chache akamwendea shoga yake kumweleza, akamkuta naye macho yamemwiva. Hapo hapo wakabadilishana. "Mtu halali chumba kimoja na sanda yake," mama alituambia, kwa sauti ya mtu anayetaja sharia iliyoandikwa, ingawa najua waliitunga wao wawili asubuhi ile. Na pamoja na sanda walipeana ahadi: atakayetangulia ataoshwa na kuvishwa na atakayebaki. Hakuna mkono wa mgeni utakaowagusa.

Shoga yake huyo nilimwita mama mdogo, ingawa hatukuwa na damu moja. Mama alizaliwa Unguja mjini, na mama mdogo alizaliwa Pemba, na jambo hilo liliwatosha kwa utani wa miaka arubaini. Mama ni mrefu. Mama mdogo hakumfika begani. Sanda zile zilikatwa kila moja kwa kimo cha mwenyewe, na hilo nalo likawa mchezo wao. Siku moja, mbele yangu, mama mdogo alimwambia mama, "Ukifa weye, watachimba kaburi la ngamia." Mama akamjibu kwamba kwa Mpemba patatosha shimo la mche wa mgomba, kisha akaanza kuisema ile methali ya Mpemba na gogo, ambayo adabu hainiruhusu kuimaliza hapa. Wakacheka hadi kahawa ikapoa.

Urafiki wao ulianza kwa kosa ambalo ni watu wa kwetu tu wangeweza kulifanya. Familia zetu zilirudi Omani katika miaka ya sabini, zikitoka visiwani kwa mapande, wengine kupitia bara, wengine kupitia nchi za mbali zaidi, na sisi tukaangukia katika kijiji cha upande wa Samad Ash Shan, ambako babu yangu alikuwa na haki ya mitende michache na zamu ya maji ya falaji, yaani mfereji wa kijiji. Nyumba tuliyopewa ilikuwa karibu na wadi. Wadi ni bonde la mawe linaloshuka kutoka milimani. Karibu mwaka mzima ni kavu, jeupe, kimya. Wanawake waliotoka visiwani, waliozoea kugombania jua la kuanikia nguo katika nyua finyu na misimu ya mvua isiyokwisha, waliona mahali pale ni neema: mawe safi, bapa, ya moto, na hapana mtu aliyeyataka. Wakafua na kuanika huko. Kanga zao zote, zile walizozileta kutoka kwao na ambazo hazikuwa na mbadala hapa, zikatandazwa juu ya mawe kama bustani.

Bibi mmoja wa kijiji alipita, akawaonyesha milima kwa kidole. Wakaitazama. Mbingu ilikuwa buluu, bila ya wingu hata la kusingizia. Wakamshukuru kwa heshima na kuendelea na kazi yao. Hawakujua kwamba mvua inayokuua katika nchi hii hunyesha mahali usipopaona. Mama amenihadithia mara nyingi sauti ile: kama lori linalomwaga kokoto, kisha kama malori mengi. Walikimbia. Mama, aliyekuwa kijana na mbishi, aligeuka kulirudia beseni, na mwanamke mfupi asiyemjua akamkamata kifundo cha mkono akamburura hadi juu ya ukingo, akimtukana kwa lafudhi ya Kipemba njia nzima. Kanga zilikwenda. Siku za baadaye zilionekana zimening'inia juu ya miiba huko chini, na wachungaji wengine wakazifanya kamba za mbuzi. Kijiji kilicheka kwa miaka. Hadi leo, mtu akifanya jambo bila ya kufikiri, wazee wa pale husema ameanika nguo wadini kama watu wa Zanzibar. Mama na mwanamke yule hawakuachana tena.

Ndiyo maana sisi tulihesabu mwaka kwa wadi. Mvua za mwisho wa baridi wao wawili waliziita masika, ingawa hazifanani na masika ya kwao hata kidogo. Masika ya huku huja kwa ghadhabu, hukaa saa chache, hubomoa ukuta wa shamba, huujaza mfereji kokoto, huondoka, na kesho yake jua linawaka juu ya matope yanayopasuka. Miaka mingine hayaji kabisa, na watu husali sala ya kuomba mvua kwa kulia. Katika miaka hii ya karibuni yamekuwa yakija kwa nguvu ambayo wazee wanasema hawaikumbuki. Sijui kama ni kweli, au ni sisi tuliojenga nyumba nyingi zaidi mahali ambapo maji yalikuwa yakipita. Nadhani yote mawili.

Mama mdogo alipofiwa na mumewe alihamia kwa mwanawe, ng'ambo ya wadi. Nyumba ilikuwa nzuri, mpya, yenye ndimu na mitende, na kutoka kwetu hadi kwake, wadi ikiwa kavu, ni mwendo wa kahawa kutopoa. Mama alikwenda karibu kila siku. Kisha figo za mama mdogo zikashindwa, ikawa lazima apelekwe hospitali, upande wetu, kila baada ya siku moja, kusafishwa damu kwa mashine. Aliizoea safari ile. Alimpa kila muuguzi jina la utani.

Mwaka ninaousimulia, mvua ilianza siku ya mapumziko ya mwisho wa wiki. Mimi ninaishi Ibra na kufanya kazi ofisini huko, lakini nilikuwa nimekuja kumtazama mama, na sikuweza kurudi. Skuli zilifungwa, ofisi zikafungwa. Wadi ilishuka, ikapungua, ikashuka tena kabla kivuko hakijasafishwa. Mama mdogo akakosa zamu yake ya hospitali. Akakosa na ya pili. Katika simu alisema hana neno, ila miguu imefura kama maandazi, na mashine nayo ipumzike kidogo, imemchoka. Mwanawe alipiga simu ya dharura, akajibiwa kwa upole kwamba helikopta ziko kazini kuwatoa watu waliozungukwa na maji juu ya mapaa ya magari, na kwamba jina la mama yake limewekwa katika zamu. Mama mdogo aliposikia hayo alimkataza mwanawe kupiga tena. Alisema yeye anapumua na yuko pakavu. Waende kwa walio majini. Njia ya pili ya kuzunguka, ile ya barabara kuu, nayo ilikuwa imekatwa na wadi nyengine. Mama alikaa karibu na simu akishona kitu ambacho hakikuhitaji kushonwa.

Mama mdogo alifariki alfajiri, baada ya kutia udhu, kabla ya kusali.

Mwanawe alipotupigia, mama hakulia. Aliuliza swali moja tu, kama amekwisha kufungwa kidevu. Kisha akaufungua mlango wa kabati, akautoa mkoba wa kijani, akautikisa kidogo kama anayepima uzito, akatoka. Nilipokuwa bado natafuta buibui langu, yeye alikuwa amekwisha kukaa katika kiti cha mbele cha gari, mkoba mapajani, uso umeelekea wadini.

Kivuko chetu ni barabara ya saruji iliyolazwa juu ya mawe ya wadi, bila ya daraja, na kandoni mwake zimesimama nguzo zilizopakwa nyekundu na nyeupe ili dereva ajue kina cha maji. Asubuhi ile nguzo hazikuonekana. Maji yalikuwa rangi ya chai ya maziwa iliyoungua, na chini yake mawe yaligongana kwa mshindo ambao hauusikii kwa masikio, unausikia kwa nyayo. Vilipita vigogo vya mitende, likapita tangi la maji la plastiki likizungukazunguka, ukapita mlango wa friji, akapita mbuzi. Gari la polisi lilikuwa limesimama kwa ubavu kuziba njia. Na nyuma yake, ukingo mzima, yalikuwapo magari ya watu waliokuja kutazama.

Hili linahitaji kuelezwa kwa haki. Katika nchi hii wadi ikishuka ni sikukuu. Watu huja na mikeka, kahawa, tende, watoto juu ya maboneti, na hupongezana kwa rehema ya Mungu, kwani bila ya maji hayo visima hukauka na mitende hufa. Sikuweza kuwachukia. Mimi mwenyewe nimekaa pale pale mara nyingi katika utoto wangu, na aliyetuletea sambusa alikuwa mama mdogo. Lakini siku ile, kuwaona wakicheka na kupiga picha, na mama akiwa amekaa na mkoba ule, niliona kama nimekuja harusini na jeneza.

Mzee mmoja wa kijiji, mwenye birika la kahawa, alikuja dirishani kutukaribisha. Alimpongeza mama kwa mvua. Mama alimjibu kwa Kiarabu chake cha lafudhi ya Unguja kwamba mvua ni heri, lakini yeye ana maiti ng'ambo. Mzee aliliweka birika chini. Alirudi kwa watu wake, na baada ya muda muziki ukazimwa katika gari moja, kisha katika jengine, na magari yakaanza kurudi nyuma na kusogea chini ya ukingo, moja baada ya moja, hadi gari letu likabaki peke yake mbele ya maji. Kisha akarejea na kutueleza, akitazama chini, kwamba maji ya matawi ya juu bado hayajafika. Kabla ya alasiri wadi haitapungua.

Mama alishuka akaenda kuzungumza na polisi. Polisi huyo alikuwa kijana, akamwita mama kwa heshima ya mama mzazi, lakini alitikisa kichwa kwa kila alichoambiwa. Mama alimweleza kwamba hataki kwenda na gari, anataka ajue tu kama ipo namna yoyote. Hakukuwa na namna.

Ndipo alipotokea kijana mwengine, mwenye gari refu la kwenda mchangani, lililoinuliwa magurudumu. Aliwahi kuvuka wadi kubwa kuliko hii, alisema, kule upande wa Bidiya, na rafiki zake wangeweza kuthibitisha. Polisi angegeuza uso kidogo tu, yeye angemfikisha bibi kabla hajamaliza kusoma Fatiha. Alisema kwa moyo safi. Niliiona miguu ya mama ikigeuka kulielekea gari lile, na nikasema hapana, kwa Kiswahili, kwa sauti ambayo sikuitambua.

"Sikukuuliza weye," mama alisema bila ya kunitazama.

Akaupachika mkoba kwapani. Alimkagua kijana yule kutoka kilemba hadi viatu.

"Mama yako yu hai?"

"Yu hai."

"Basi rudi kwake ukale chakula cha mchana."

Akarudi garini, akafunga mlango. Nilipoingia nikaona ameukumbatia mkoba kwa mikono miwili, na nikajua jinsi alivyokuwa karibu kukubali. Aliniambia, kwa sauti ya chini, kwamba mama mdogo hakumburura mawemawe siku ile ili yeye aje aingie mwenyewe uzeeni.

Tukangoja. Sijui kama kuna kungoja kunakofanana na kule. Ng'ambo tuliliona paa la nyumba, tangi la buluu juu yake, watu wadogo wenye kanzu nyeupe wakiingia na kutoka. Umbali ule ulikuwa wa kurusha jiwe mara tatu. Mimi nimesoma hadi chuo kikuu, nimefundishwa kufikiri kwa utaratibu, na niliutumia utaratibu huo wote kujieleza kwamba dini haikosi kitu hapa: wapo wanawake ng'ambo, wanajua kuosha, maiti atastirika. Yote yalikuwa kweli. Hakuna hata moja lililoweza kukaa katika kiti cha mbele pembeni ya mama.

Jua lilipofika utosini, mwanawe alipiga simu. Nikaiweka sauti ya nje. Alizungumza kwa kusitasita. Umeme umekatika tangu usiku, alisema, na nyumba ina joto, na watu wa msikiti wanasema wasingoje zaidi ya adhuhuri. Alikuwa akiomba radhi kama aliyefanya kosa.

Mama akamwambia, "Maiti hangojeshwi, mwanangu. Muosheni."

Mwanawe akasema jambo jengine ambalo nadhani lilikuwa likimkwama tangu alfajiri. Sanda ya mama yake haipo. Msikitini ipo, wangeweza kuichukua hiyo, lakini mama yake alikuwa ameusia avishwe ile ya Zamzam.

"Yake ninayo mimi hapa mapajani," mama alisema. "Fungua kabati lake. Rafu ya chini pana mkoba kama huu. Mvisheni iliyomo."

"Ile si yako, mama?"

"Ndiyo yangu. Mvisheni. Itamzidi, muikunje miguuni."

Nilisikia mwanamume mzima analia ng'ambo ya maji, na kwa sababu ya mshindo wa wadi nilimsikia kwa simu tu. Mama alimwacha amalize. Kisha akauliza nani ataosha. Alijibiwa ni mke wake, ambaye ni mtu wa huku, hajui Kiswahili, na dada anayewasaidia kazi za nyumbani, aliyetoka Tanga.

"Nipe huyo wa Tanga."

Msichana akaja kwenye simu. "Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Mke wa mwanawe anajua kuosha, mfuate yeye. Weye nakutaka kazi moja. Usimuache aoshwe kimya. Alikuwa hapendi kimya."

"Nimwambie nini, bibi?"

"Mwambie mnachofanya. Mkimuinua mkono, mwambie tunakuinua mkono. Mkimgeuza, mwambie tunakugeuza, usiogope. Kwa Kiswahili. Na mwambie shoga yako yupo ng'ambo, wadi imemkalia njiani."

Hivyo ndivyo mama alivyoosha siku zote. Nilimsikia kwa masikio yangu alipomuosha bibi yangu. Aliwaeleza wanawake waliokufa kila tendo kabla ya kulitenda, kama mtu anayemuogesha mtoto. Simu ilipokatika aliirejesha mkononi mwangu, akaanza kuusugua ukingo wa mkoba kwa kidole gumba.

Makaburi ya upande ule yako juu ya mteremko, unaoonekana vizuri kutoka kivukoni. Kwa mila ya kwetu wanawake hawaendi kuzika. Mama alikuwa hajawahi kuona maziko ya mtu yeyote, wala ya wazazi wake, wala ya baba. Siku zote alibaki nyumbani, akisikia sauti za wanaume zikipotea njiani. Baada ya adhuhuri wanaume walitoka katika ile nyumba wakiwa mstari mmoja, wakapanda mteremko, na jeneza lilikuwa jepesi, likipokezwa haraka haraka kutoka bega hadi bega. Mama alishuka garini akasimama mbele kabisa. Maji yalimrushia matone kwenye viatu. Alitazama wakichimbua, wakashusha, wakafukia, wakasimama kuomba, na hakugeuka hata mara moja. Wadi iliyomnyima kumuosha shoga yake ndiyo iliyomwonyesha akizikwa. Sijapata kuamua kama ile ilikuwa huruma au ukatili.

Nyuma yetu, chini ya ukingo, wanaume waliokuja kutazama wadi walikuwa wamesimama nao, wameinua mikono.

Alasiri maji yalipungua, kama mzee alivyosema. Yalipungua kwa haraka ya kuudhi. Jioni nguzo zilikuwa zimesimama wazi zote, zimevaa majani na matambara, na trekta likaja kuondoa mawe. Tulivuka asubuhi yake. Katika bonde palikuwa na michirizi tu, inayong'aa, ambayo mtoto angeiruka.

Nyumba ya matanga ilikuwa na matope hadi kizingitini. Ukuta wa shamba ulikuwa umelala, mitende kadhaa imeng'olewa na mizizi yake inaelekea mbinguni, na mfereji umefukiwa. Wanaume walikuwa wakipokea pole huku wamekunja kanzu, maana baina ya mgeni na mgeni walikwenda kuzoa kokoto kabla miti iliyobaki haijakosa maji. Mke wa mwanawe alimbusu mama kichwani na mkononi. Mama alimshukuru kwa kazi aliyoifanya, akamshukuru sana, na ilikuwa shukrani ya kweli. Kisha akamtafuta yule wa Tanga, akamkuta jikoni akiosha vikombe.

"Ulimwambia?"

"Nilimwambia, bibi. Yote. Na ile ya wadi pia."

"Akasema nini?"

Msichana akasita na kikombe mkononi. Aliona kwamba mama hafanyi mzaha, au kwamba ni mzaha wa watu wawili ambao yeye ameazimwa kwa muda. "Alinyamaza, bibi," alisema. "Lakini uso ulikuwa mzuri."

"Sanda ilimzidi?"

"Ilimzidi sana. Tuliikunja."

Mama akavuta pumzi ndefu, akasema kwamba Mpemba yule sasa amepata kimo. Kisha akakaa juu ya kigoda cha jikoni, na hapo, baina ya vikombe, ndipo alipolia, kwa mara ya kwanza tangu alfajiri ya jana. Msichana alifunga bomba la maji ili sauti isizibwe, akakaa sakafuni pembeni yake.

Uliobaki ni mkoba wa kijani. Tulirudi nao nyumbani, na usiku wa kwanza mama aliurejesha katika rafu yake, na usiku wa pili akautoa akauweka sebuleni. Ilikuwa si sanda ya mtu mwengine tena. Siku moja nilimkuta ameifungua juu ya kitanda, amejipima kile kipande cha sanda kinachovaliwa kama kanzu mbele ya kioo, kikamfika magotini. Nilisema nitanunua nyengine, au tuiongeze kitambaa. Akaanza kuikunja.

"Vile vitambaa viwili vya juu, vya kuzungushia, vinatosha, wakivibana," alisema. "Yeye kalala na yangu imemzidi. Miye nitalala na yake imenipungukia. Tutapimana huko." Kisha akanikabidhi. "Ichukue Ibra. Mtu halali chumba kimoja na sanda yake."

Sikutaka. Nasema kwa uwazi kwamba sikutaka, na kwamba nilitafuta maneno mengi ya kistaarabu ya kukataa, nikayakosa yote. Imo katika kabati langu sasa, chini ya mablanketi. Baina yangu na mama zipo wadi tatu, na hakuna hata moja yenye daraja la kutegemewa.

Kwa hiyo nimekuwa mtu wa kusoma mawingu. Inapotangazwa mvua, wenzangu ofisini hupanga wapi watakwenda kutazama wadi, nami huomba ruhusa mapema, nautoa mkoba, naulaza kiti cha nyuma, naondoka kwenda kijijini kabla matone hayajaanguka milimani. Nikifika nauacha garini, kwa sababu ya ile sharia yao. Mara ya mwisho nilifika mbingu ikiwa buluu tupu, na mama alikuwa ukingoni mwa ua akianua nguo.

Aliniona, akaliona gari, akakitazama kiti cha nyuma.

"Umekuja kunizika?"

"Nimekuja kula," nilisema.

Alinipa upande mmoja wa shuka tulikunje. Kutoka pale wadi ilionekana yote, kavu, nyeupe, kimya, na ng'ambo yake mteremko, na tulikunja nguo zote hadi ya mwisho bila ya kuutazama.